Mwamba wa Tororo Hauhitaji Betri



Mwezi wa Machi mwaka 2025 mashirika matatu ya Umoja wa Mataifa, yaani lile la usafiri wa anga, lile la usafiri wa baharini na lile la mawasiliano, yalitoa tamko la pamoja lenye kuonyesha wasiwasi mkubwa. Mawimbi ya setilaiti yanayoziongoza ndege angani na meli baharini, yalisema mashirika hayo, yanazidi kuvurugwa katika sehemu mbalimbali za dunia. Serikali zikaombwa ziyalinde mawimbi hayo. Na tena zikaombwa zisiziache zana za zamani za kuongozea vyombo, ili siku mawimbi yatakapopotea pawe na kitu cha kushika.

Kwa mwananchi wa Busia au wa Tororo habari hiyo yaweza kusikika kama jambo la mbali. Yeye hana ndege wala meli. Lakini simu anayo mkononi, na simu hiyo huonyesha njia kwa kutegemea setilaiti za namna ile ile. Kwa hiyo swali waliloulizwa wakubwa wa viwanja vya ndege linamhusu hata yeye: siku chombo kikinyamaza, je, mtu atajua alipo?

Busia ni mji mmoja wenye serikali mbili. Nusu yake iko Kenya na nusu yake iko Uganda, na jina ni lile lile pande zote. Mpaka wa nchi hizi mbili hufuata Mto Sio, na mbele zaidi Mto Malaba, kisha Mto Lwakhakha, mpaka unaukwea Mlima Elgon. Wasamia wako huku na huku, Wateso kadhalika. Mtu wa Busia huvuka mpaka kwenda sokoni, kwenda hospitali, kwenda kuzika. Na ni katika mpaka huu, katika miaka ya 1960 na 1970, ambapo vijana wenye baiskeli walianza kuwavusha abiria na mizigo yao kutoka kituo cha forodha cha upande mmoja hadi cha upande wa pili, wakipaza sauti kwa neno la Kiingereza lenye maana ya mpaka, wakalitamka boda, boda. Leo neno hilo limeenea Afrika Mashariki yote, na wengi walitumiao hawajui kwamba lilizaliwa hapa.

Kazi ya boda-boda tangu mwanzo ilikuwa ni kujua njia. Baiskeli ilikuwa chombo tu. Bidhaa aliyoiuza kijana yule ilikuwa ni maarifa. Abiria alimwambia, nipeleke kwa mzee fulani, kupita kanisa, penye mwembe ulioanguka mwaka wa mafuriko. Mwembe wenyewe haupo tena, lakini kijana alijua ulipokuwa. Hakuna ramani yoyote duniani inayoonyesha mti usiokuwapo, na bado katika vijiji vya mpaka huu nusu ya maelekezo ya njia hutolewa kwa miti ya namna hiyo.

Nchi yenyewe imejaa alama. Mwamba wa Tororo umesimama peke yake juu ya tambarare, kiasi cha mita 300 kutoka mjini hadi kileleni. Ni kisiki cha volkano ya kale ambayo udongo wake laini ulikwisha kumomonyoka zamani, likabaki jiwe. Huonekana kutoka Malaba na kutoka mashamba ya Wateso wa Kenya, na mchungaji aliyepotelewa na ng'ombe hadi jioni alikuwa akiutafuta mwamba kwanza, ng'ombe baadaye. Kaskazini mashariki uko Mlima Elgon, ambao Wamasaba huuita Masaba, wenye kimo cha mita 4,321. Kusini ya Busia viko vilima vya Samia, na nyuma yake ni ziwa. Mwenye kuzijua alama hizo tatu, mwamba, mlima na vilima, huweza kuwekwa mahali popote kati ya Busia na Tororo mchana wa jua kali, naye akaelekea nyumbani.

Hata jua lina darasa lake hapa. Busia iko karibu sana na Ikweta, kwa hiyo asubuhi jua huchomoza si mbali sana na mashariki mwaka mzima. Adhuhuri ya mwezi wa Juni kivuli cha mtu huelekea kusini; adhuhuri ya mwezi wa Disemba huelekea kaskazini; mwishoni mwa Machi na karibu mwishoni mwa Septemba mtu hukikanyaga kivuli chake mwenyewe. Mzee aliyelima maisha yake yote hayasemi mambo hayo kwa maneno ya shule, lakini huyajua, na huitazama Kilimia angani kama karani atazamavyo kalenda.

Upo pia ujuzi wa usiku, ambao si mara zote ulitumika kwa mema. Mwaka 1975 baridi kali iliteketeza mikahawa ya Brazili, na bei ya kahawa ikapanda mno duniani. Katika miaka ya 1976 na 1977, wakati wa utawala wa Idi Amin, kahawa ya Uganda ilimiminika Kenya kwa magendo, na soko la Chepkube chini ya Mlima Elgon likavuma kwa biashara hiyo. Watu na punda walivuka mito gizani bila taa, kwa kuwa taa ingewaita askari. Magendo ni kosa na hayasifiwi hapa. Lakini ni vigumu kutokukiri kwamba mtu awezaye kuongoza msafara wa kahawa kuvuka mto usiku usio na mwezi, kwa kusikiliza sauti ya maji tu na kuukanyaga udongo, alikuwa na elimu; na kwamba njia zile zile ziliwapitisha watu wasio na hatia waliokuwa wakikimbia kuokoa maisha yao.

Sasa imekuja simu. Yafaa ielezwe inavyofanya kazi, maana wengi wanaiamini pasipo kuijua. Mfumo wa Marekani uitwao GPS una setilaiti zisizopungua 24, zinazoizunguka dunia katika kimo cha kilomita 20,200 hivi. Ulijengwa na jeshi la Marekani, ukakamilika mwaka 1995, na hadi mwezi wa Mei mwaka 2000 raia walipewa mawimbi yaliyotiwa dosari kwa makusudi ili wasipate usahihi wote. Simu husikiliza mawimbi ya setilaiti kadhaa, hupima muda yaliotumia kufika, na kwa hesabu hiyo huyajua mahali ilipo. Huduma hiyo haina malipo, wala haihitaji mnara wa simu. Ila picha ya ramani, yaani zile barabara na majina yanayoonekana kwenye kioo, kwa kawaida huja kwa intaneti, isipokuwa kama mwenye simu aliihifadhi mapema. Ndiyo sababu mtu huweza kujikuta akitazama nukta ya buluu iliyoko katikati ya kioo cheupe. Simu inajua ilipo, mwenyewe hajui.

Mwezi wa Januari mwaka 2021, wakati wa uchaguzi mkuu wa Uganda, intaneti ilizimwa nchini humo kwa siku kadhaa. Katika Busia jambo hilo lilikuwa na sura ya pekee, kwa kuwa upande mmoja wa barabara ulikuwa na mtandao na upande wa pili haukuwa nao. Hata katika siku za kawaida simu ya Busia huhangaika: mara hushikwa na mnara wa Kenya, mara na mnara wa Uganda, bila ya mwenyewe kuondoka kitini pake. Chombo kisichokuwa na hakika kiko nchi gani, mtu huambiwa akifuate kimpeleke nyumbani kwa shangazi yake!

Kisha yako mambo ambayo ramani haiyapati kwa wakati. Mwezi wa Mei mwaka 2020 maji ya Ziwa Viktoria yalipanda hadi kipimo cha mita 13.42 huko Jinja, yakaipita alama ya mwaka 1964 iliyokuwa ya juu kuliko zote zilizowahi kuandikwa. Fuo zilizama, na watu wakahama. Katika nchi ya Bunyala, kaunti ya Busia, Mto Nzoia uliongeza balaa yake iliyozoeleka katika bonde la Budalang'i. Ramani iliyochorwa kabla ya maji hayo iliendelea kuonyesha njia mahali palipokuwa na vilindi. Mwenyeji aliyejua maji huanza kuingia wapi, na kilima kipi hubaki kikavu, ndiye aliyekuwa ramani.

Wako wanaosema kwamba mambo hayo ni ya kizamani na kwamba akili iliyookolewa kwenye njia itatumika kwenye jambo lingine. Wataalamu wa ubongo hawasemi hivyo. Mwaka 2014 Tuzo ya Nobel ya tiba ilitolewa kwa John O'Keefe, May-Britt Moser na Edvard Moser kwa kugundua chembe za ubongo zinazokiwezesha kiumbe kujua mahali kilipo. Kabla ya hapo, mwaka 2000, Eleanor Maguire na wenzake waliwapima madereva wa teksi wa London, ambao hulazimika kukariri maelfu ya mitaa kabla ya kupewa leseni, wakakuta kwamba sehemu moja ya ubongo inayohusika na kukumbuka mahali ilikuwa kubwa zaidi kwao kuliko kwa watu wengine. Na mwaka 2020 Louisa Dahmani na Véronique Bohbot wa Kanada walichapisha utafiti ulioonyesha kwamba watu waliokuwa wameongozwa sana na vyombo vya setilaiti walishindwa zaidi walipotakiwa kuitafuta njia kwa kichwa chao wenyewe. Watu waliopimwa hawakuwa wengi, na haifai kulikuza jambo kupita kiasi. Lakini mwelekeo wake haumshangazi mtu yeyote aliyewahi kuona mkono uliofungwa plasta kwa miezi miwili. Kijana wa boda-boda wa Busia huenda anacho kichwani kile alichonacho dereva wa London. Tofauti ni kwamba hakuna aliyekuja kumpima.

Lipo jambo jingine, nalo si la ubongo. Zamani mgeni aliyefika kijijini alilazimika kuuliza. Kuuliza si ujinga, wahenga walisema. Na mpakani kuuliza kulikuwa pia ni kujitambulisha. Mtu alisimama, akaamkia, akaulizwa atokako na aendako, ni mtoto wa nani, na ya nyumbani. Kabla hajapewa njia alikwisha kujulikana. Kama angepatwa na jambo mbele ya safari, wapo waliomwona, na waliojua alikuwa akienda kwa nani. Leo mgeni hupita kimya akitazama kiganja chake, na kijiji humtazama yeye. Katika nchi ya mpaka, ambako mtu asiyejulikana hushukiwa upesi, huo si unafuu mdogo uliopotezwa.

Lakini mahali ambapo suala hili ni la kufa na kupona ni ziwani.

Ziwa Viktoria lina eneo la kilomita za mraba zipatazo 68,800, na sehemu ya Kenya ni kiasi cha asilimia 6 tu. Wavuvi wa Sio Port na Port Victoria upande wa Kenya, na wa Majanji upande wa Uganda, hutegea nyavu katika maji yaliyo karibu sana na mstari wa mpaka. Mstari huo uliwekwa katika amri ya Waingereza ya mwaka 1926, ukapigwa rula kutoka ncha ya kisiwa hadi ncha ya kisiwa, kama vile Sumba na Mageta. Majini hauonekani. Samaki hawautambui. Mara kwa mara wavuvi wa Kenya wamekamatwa na walinzi wa Uganda kwa kudaiwa kuuvuka, wakapoteza nyavu na injini, na jamaa zao wakahangaika kuwakomboa.

Hapa chombo cha setilaiti kina haki yake, na ingekuwa upofu kukikataa. Hakuna mzee, awe hodari vipi, awezaye kuuona kwa macho mstari uliochorwa ofisini. Ujuzi wake haukufanywa kwa kazi hiyo. Mvuvi mwenye simu iliyo na ramani ya ziwa aweza kujua kwamba amebakiza mita mia kadhaa, akageuza mashua. Serikali huuliza mtu yuko upande gani, na simu hulijibu swali hilo vizuri.

Ziwa lenyewe huuliza swali jingine. Mchana upepo hutoka ziwani kwenda nchi kavu, kwa kuwa ardhi hupata joto upesi. Usiku upepo hugeuka ukatoka nchi kavu kwenda ziwani. Wavuvi wa tanga walitoka kwa upepo wa usiku wakarudi kwa upepo wa mchana, na mzunguko huo ndio uliokuwa saa yao na dira yao. Upepo uleule wa usiku, utokao pande zote za ziwa na kukutana katikati, ndio unaozaa dhoruba za radi za usiku wa manane na alfajiri. Wavuvi wa dagaa, ambao huvua kwa taa katika usiku wa giza, huwa ziwani saa hizo hizo. Shirika la Hali ya Hewa Duniani limewahi kutaja makadirio ya watu kati ya 3,000 na 5,000 wanaokufa kwa mwaka katika ziwa hilo. Idadi hiyo ni ya kutisha hata ikipunguzwa nusu.

Mzee wa ziwa hutambua dhoruba kabla haijafika: upepo unapokatika ghafula, wimbi linapokuja kutoka upande usiokuwa na upepo, umeme unapomulika mahali pamoja kwa muda mrefu. Anajua pia ghuba ipi ya kukimbilia, na mwamba upi umejificha chini ya maji mlangoni pa ghuba hiyo. Kijana aliyeanza uvuvi wake na injini na simu ana mstari wa kurudi uliochorwa kwenye kioo, na mstari huo umenyooka, maana mashine hupenda njia fupi. Njia fupi yaweza kupita katikati ya dhoruba. Na mvua ikianza, kioo kilicholoa hakisikii kidole, betri iliyomulikia nyavu usiku kucha inakwisha, na nukta ya buluu huzimika wakati ule ule inapohitajiwa.

Kati ya mwaka 2017 na 2021 ulikuwapo mradi wa kimataifa ulioitwa HIGHWAY, uliozisaidia idara za hali ya hewa za nchi za ziwa kutoa utabiri kwa wavuvi kwa lugha wanayoielewa, kwa redio, kwa simu na kwa bendera zilizopandishwa ufukweni. Hiyo ilikuwa kazi ya maana, na haikushindana na wazee hata kidogo. Utabiri humwambia mvuvi kwamba dhoruba yaja usiku. Afanye nini ikimkuta mbali na pwani, hilo halimo katika utabiri.

Barabarani hatari ni ndogo, ingawa mabadiliko ni makubwa. Tangu mwaka 2017 mamlaka za mapato za Kenya, Uganda na Rwanda zinafuatilia mizigo ya safari kwa kufuli za elektroniki. Lori likitoka katika njia iliyoruhusiwa kati ya Mombasa na Malaba, kengele hulia katika chumba cha ulinzi. Na kituo cha pamoja cha mpakani cha Busia, kilichofunguliwa rasmi Februari mwaka 2018 na Rais Yoweri Museveni na Rais wa Kenya wa wakati huo, Uhuru Kenyatta, kimepunguza usumbufu mwingi. Kodi zimeokolewa, na hilo ni jema. Dereva, hata hivyo, amekuwa mtu anayefuatwa na chombo nyuma na kuongozwa na chombo mbele, na siku daraja likikatika ndipo huonekana ni nani aliyejifunza nchi na ni nani aliyejifunza mstari.

Kuitunza elimu ya zamani si kukataa mpya. Mwezi wa Aprili mwaka 1498, Vasco da Gama alipofika Malindi, alikuwa na mizinga na dira, lakini hakuthubutu kuikata Bahari ya Hindi mpaka alipopewa rubani aliyezijua nyota na pepo za bahari hiyo. Neno lenyewe rubani, ambalo leo huitwa mtu wa ndege, lilikuwa la mtu wa aina hiyo. Na lugha ya Kiswahili bado inayabeba maarifa yake, kwa kuwa asemaye kaskazini na kusini anataja, bila kukumbuka, pepo mbili zilizowapeleka na kuwarudisha mabaharia, kaskazi na kusi. Marekani nao, ambao ndio wenye setilaiti, walikuwa wameacha kuwafundisha wanafunzi wa chuo chao cha wanamaji cha Annapolis kuongoza meli kwa nyota. Mwaka 2015 somo hilo likarudishwa. Mwenye mali ndiye aliyeanza kuingiwa na shaka.

Kinachoweza kufanywa Busia na Tororo hakihitaji msaada wa ng'ambo. Mwalimu wa jiografia wa Tororo anaweza kuwapandisha wanafunzi wake juu ya mwamba, ambao una ngazi, akawaambia wazime simu, wauonyeshe kwa kidole Mlima Elgon na upande ulipo mpaka, kisha wachore ramani ya walichokiona. Na baada ya hapo wawashe simu walinganishe. Mwalimu wa Busia anaweza kupigilia kijiti uani na kuwafanya watoto wapime kivuli cha adhuhuri kila mwezi. Vikundi vya usimamizi wa fuo vinaweza kuamua kwamba kijana haandikishwi kuwa nahodha wa mashua mpaka amekwenda safari kadhaa za usiku na mzee, simu ikiwa imefungwa katika mfuko wa plastiki. Na wavuvi wa pande mbili za mpaka wanaweza kukaa pamoja wakaandika majina ya miamba, ghuba na mikondo, kwa Kisamia, kwa Kijaluo na kwa Kiswahili, na dalili za dhoruba zilivyo katika kila sehemu.

Kazi hiyo ya kuandika ndiyo isiyoweza kungoja. Ramani za simu hurekebishwa kila siku na watu wanaolipwa kwa kazi hiyo. Mzee wa Sio Port aliyetoka ziwani kwa tanga katika ujana wake sasa ana miaka zaidi ya 70, na anayoyajua kuhusu mlango wa ghuba yake yako kichwani mwake peke yake.